Namba 47 ni ya kukatia kitambaa

Mtu akiingia kwetu mara ya kwanza lazima aulizie ile karatasi. Ipo ukutani juu ya cherehani, imebandikwa kwa selotepu pembe tatu, ya nne ilishabanduka kitambo, imeandikwa kwa makapeni namba kuanzia 1 hadi 212 na mbele ya kila namba kuna maneno kama "ya shangazi analia", "mchungaji wa mbuzi", "kwaya ya sare za kijani", "HII HAPANA WATOTO WAKILALA". Kuna mteja mmoja alidhani ni listi ya madeni akaanza kutafuta jina lake.

Sio madeni. Ni nyimbo na mahubiri ya mke wangu, na ile karatasi ndio teknolojia ya juu kabisa tuliyonayo ndani. Naandika hii kwa sababu kuna jamaa kazini ananisumbua nikampangie mkewe TV na flashi, kasikia eti mimi mtaalamu, nikamwambia subiri kwanza nikusimulie yaliyonikuta.

Mimi nilikuja Dodoma 2017. Mwaka mmoja nyuma ilikuwa imetangazwa Serikali yote inahamia huku, ofisi yetu ikawa kati ya zilizofungasha mapema, nikatoka Dar na begi na feni, feni ya nini Dodoma sijui, mwezi wa saba ule upepo ulinifundisha adabu. Mama Neema nilimpata kwa suruali. Ni Mgogo wa Chamwino, fundi nguo, alinishonea suruali ya kazini ikanibana, nikairudisha, ikapwaya, nikairudisha tena, ikakaa vizuri, mara ya nne nilivyoenda sikuwa nimebeba suruali yoyote.

Tunakaa Ipagala, vyumba viwili na sebule, na sebule ndio kiwanda. Anashona kuanzia asubuhi mtoto akishaenda shule mpaka jioni, na kipindi cha sikukuu au Januari ya sare za shule anaweza kupiga mpaka saa nane za usiku. Muda wote huo kuna kitu kinaongea au kinaimba. Bila sauti hashoni, anasema cherehani peke yake inamtia usingizi.

Wakati tunaoana vitu vyake vyote vilikuwa kwenye kopo la biskuti, humo humo na vifungo, bobini na zipu zilizofumuliwa kwenye nguo kuukuu. Flashi tano, memori kadi mbili moja imemeguka pembe, na simu ya zamani isiyokaa na chaji ambayo alikataa katakata isitupwe kwa sababu "ina vitu". Akitaka kitu anachomeka flashi ya kwanza kwenye TV, anashuka na rimoti mpaka chini kabisa, hamna, anachomoa, anachomeka ya pili, anashuka tena. Sasa mimi kazini ndo mtu wa kompyuta, nashinda nawapangia watu mafaili yao, nikaona hii ni aibu ndani ya nyumba yangu mwenyewe.

Jumamosi moja akaenda kwao kwenye sherehe, akalala huko. Nikasema akirudi atakuta maajabu.

Nikapita mjini kwanza nikanunua flashi kwa kijana mmoja anayetembeza kwenye trei, imeandikwa GB 512, shilingi elfu kumi na tano. Mnaojua hizi mambo mshaanza kucheka. Mimi nilijua pia, ndo kinachoniuma, nilijua kabisa bei hiyo haiwezekani lakini ile hamu ya kupanga ilikuwa imenipanda kichwani. Nikakusanya kila kitu kutoka kwenye lile kopo, nikatengeneza folda. Folda kubwa ni Muvi, Tamthilia, Kwaya, Taarabu, Mahubiri. Ndani ya Tamthilia nikaweka nchi: Uturuki, Korea, Ufilipino, Bongo. Ndani ya kila nchi nikaweka mwaka. Nikatafuta picha za makava nikaziweka. Nilimaliza saa tisa usiku, nikakaa naiangalia tu kama mtu anayeangalia nyumba yake imepigwa bati.

Akarudi Jumapili jioni, nikamuonesha. Akasema "nzuri". Wenye ndoa mnaijua hiyo nzuri.

Kesho yake niko ofisini simu ikaita. "Baba Neema, ile ya yule dada aliyeibiwa mtoto iko wapi?"

"Ingia Tamthilia, halafu Uturuki, halafu 2019."

"Mimi ntajuaje ni ya 2019?"

Nikanyamaza. Kweli atajuaje. Hata mimi nilijua kwa sababu nilipekua intaneti. Akaendelea, "na kwaya umeziweka kwa albamu, kwani naenda kufanya mtihani?" Nikamwelekeza kwa simu, bonyeza kulia, hapana rudi, sasa shuka, mpaka bosi akawa ananiangalia.

Siku ya pili yake simu tena. "Mbona huyu baba kafa? Jana si ndo walikuwa wanachumbiana?"

Hapo nilichelewa kuelewa. Nilivyorudi nikachomeka mwenyewe nikaona. Mafaili yalikuwa na majina Episodi 1, Episodi 2 mpaka 64. Kwenye kompyuta yangu yanakaa vizuri, 1, 2, 3, kwa sababu Windows inasoma ile namba kama namba. TV yetu haina akili hiyo, inasoma herufi moja moja kama mtoto anayeanza irabu, kwa hiyo baada ya 1 inakuja 10, 11, 12 mpaka 19, ndo inakuja 2. Mama Neema alitoka kwenye uchumba wa episodi ya kwanza akaangukia moja kwa moja msibani episodi ya kumi. Dawa yake ni ndogo tu, uandike 01, 02, 03, ikiwa zinafika mia uandike 001. Ndogo lakini mafaili yalikuwa mengi na mimi nilibadili moja moja kwa mkono kwa sababu nilikuwa na hasira, kuna programu za kubadili yote kwa mpigo, tumieni hizo.

Nikarekebisha. Amani siku mbili. Halafu episodi ya kumi na moja ikagoma, inaonesha jina, ukibonyeza inazunguka zunguka kisha inasema haifunguki. Ya kumi na mbili hivyo hivyo. Kwaya zote kimya. Mahubiri yote kimya. Kumbe ile flashi ya GB 512 ndani yake ilikuwa ya GB 8. Hizi za uongo zimechezewa kile kichipu kinachoiambia kompyuta ukubwa, kinadanganya, unakopi unaona inapokea vizuri kabisa na majina yanaonekana, ila ikishajaa ule ukubwa wake wa kweli chochote kinachoingia kinaenda hewani au kinaandikwa juu ya kilichokuwepo. Kuna programu ya bure inaitwa H2testw, inaijaza flashi yote halafu inasoma ilichoandika, inakuambia ukweli. Ukinunua flashi mpya ipimie hiyo kabla hujaweka kitu, na wewe usifute za zamani kwanza. Mimi nilikuwa nimefuta tatu kati ya tano nikijiona nafanya usafi.

(Ila msije mkaenda kugombana na muuzaji kwa sababu flashi ya 32 inaonesha 29 na pointi. Hiyo halali. Kiwandani wanahesabu kwa elfu, kompyuta inahesabu kwa 1024, ndo tofauti.)

Mama Neema hakugomba. Aliniuliza tu ya bibi ipo? Sikuelewa anaongelea bibi yupi, nikasema ntaangalia. Ntairudia hiyo.

Kilichonifungua macho sio flashi lakini. Nilichukua likizo siku kadhaa mwezi wa tisa, nikawa nashinda nyumbani, nikakaa kwenye kochi kumtazama anavyofanya kazi, kitu ambacho miaka mitatu ya ndoa sikuwahi kukifanya kwa sababu asubuhi natoka jioni narudi. Nikamwekea tamthilia ya Kikorea nzuri sana, picha safi, maandishi ya Kiingereza chini. Akashukuru. Akakaa kwenye cherehani.

Akaipa TV mgongo.

Cherehani iko dirishani kwa sababu ya mwanga, TV iko ukuta wa upande wa pili kwa sababu dirishani ingepigwa jua, kwa hiyo mke wangu miaka yote hiyo alikuwa anaangalia TV kwa kisogo. Haangalii. Anasikiliza. Nikamwona anageuka kidogo kusoma yale maandishi, mguu bado uko kwenye pedeli, kitambaa kikateleza, mshono wa suruali ya mteja ukatoka nje ya mstari kama njia ya ng'ombe. Akasonya, akachukua wembe, akaanza kufumua uzi mmoja mmoja. Dakika ishirini. Nikajua ile kazi yangu yote ya usiku mzima, makava, miaka, nchi, ilikuwa ya mtu anayekaa kwenye kochi na rimoti. Yaani mimi.

Ndo maana alikuwa anapenda muvi zilizotafsiriwa, zile kuna jamaa anaongea juu yake kuanzia mwanzo mpaka mwisho, mimi nilikuwa nazidharau naona zinaharibu muvi. Kwa mtu mwenye sindano mbele ya vidole yule jamaa ndo macho yake. Anamwambia sasa anaingia ndani, sasa kashika kisu, mama weee. Pia ndo maana muvi nyingine alikuwa anaziacha katikati bila kusema kwa nini, kumbe zilikuwa hazina sauti kabisa, picha tu, kwa sababu sauti yake imewekwa kwa aina ambayo TV yetu haiijui, mara nyingi ni ile ya DTS. Hizo unazipitisha kwenye programu kama HandBrake unaigeuza sauti inakuwa ya kawaida. Na faili likizidi GB 4 halikubali kuingia kwenye flashi iliyofomatiwa FAT32, ule mfumo wa zamani wa kuhifadhi mafaili, sio bovu, ndo kikomo chake.

Basi nikaanza upya, safari hii kwa masikio.

TV nikaiacha iwe ya Jumapili. Jumapili hashoni, anakaa kwenye kochi kama binadamu wengine, anataka YouTube. Nako kulikuwa na vurugu yake, akaunti ilikuwa moja ya nyumba nzima, mimi naangalia mpira, Neema katuni, yeye mahubiri na mafundi wa Nigeria wanaoshona mikono ya magauni, kwa hiyo TV ilikuwa inaamini humu ndani kuna mtoto wa miaka mitano aliyeokoka anayeshona kola na kushabikia Dodoma Jiji. Nikamfungulia akaunti yake, unaongeza kwenye TV kila mtu anachagua ya kwake mwanzoni, wiki mbili tu ikawa imeshamjua. Na nikashusha ubora wa picha kwa mkono kwa sababu TV haikuulizi, inajichukulia HD, saa moja inakula zaidi ya GB moja ya bando. Kisimbuzi nacho kina sehemu ya chaneli pendwa, nimemwekea tisa, basi. Ana kisimbuzi tangu analojia ilipozimwa Dodoma mwanzoni mwa 2013 na hakuna aliyewahi kumwambia hiyo sehemu ipo.

Sasa sabufa.

Sabufa ilikuwepo, kila nyumba ya Kitanzania ina sabufa, yetu ilikuwa imegeuzwa meza ya kuwekea maua ya plastiki. Ina tundu la flashi, ina redio, ina rimoti yenye namba. Haina skrini, ina kile kidirisha chekundu cha namba tatu tu. Ukichomeka flashi inaandika 001 inaanza. Hamna jina la wimbo, hamna folda, hamna picha. Nilivyokuwa mjinga ningesema hii haifai. Lakini angalia kwa upande wake: haiangaliwi. Unabonyeza 4 na 7 bila kugeuka, inaruka 47. Rimoti inakaa kwenye mfuko wa aproni pamoja na chaki na futi kamba. Umeme ukikatika, na unakatika, ukirudi inaendelea pale pale ilipoishia, TV yetu haijawahi kuota kufanya hivyo.

Shida ikawa moja, mpangilio. Nikaweka mafaili na namba mwanzoni, 001, 002, vizuri kabisa, sabufa ikayapiga ovyo. Hizi za bei ndogo hazisomi majina, zinapiga kwa mpangilio ule ule faili lilivyoingia kwenye flashi. La kwanza kuingia ndo namba moja. Kwa hiyo unafomati flashi inakuwa tupu kabisa, FAT32, halafu unaingiza moja baada ya jingine kwa subira, ukichagua yote ukapesti kwa mkupuo zinaweza kuingia shaghalabaghala. Mimi nilikaa naye jioni tatu. Mimi kwenye kompyuta, yeye amekaa kwenye kigoda anatia vifungo, nampigia kidogo anasema ndio au hapana na mahali pa kuiweka.

Na hapo ndo nilijua anavyozipanga kichwani. Mimi namuuliza hii ni kwaya au ni ya kuabudu, yeye ananijibu "hiyo ya mshono mrefu." Nini? "Ya mapazia na suruali, unapiga moja kwa moja husimami, inatakiwa iwe na mwendo." Nyingine "ya kukatia." Ukikata kitambaa cha mtu, anasema, hakuna kurudi, ukikosea umenunua, kwa hiyo hataki mtu aongee wala aimbe maneno, anataka kitu kinachotembea taratibu. Vifungo na pindo za mkono ni kazi ya kuchosha akili, hapo anataka maneno, mahubiri, hadithi, mahojiano ya redio. Na kuna za usiku wa sikukuu, taarabu na bongo fleva za zamani, za kuzuia kichwa kisianguke.

Basi folda zikawa hizo. 1 mpaka 46 mshono mrefu. 47 mpaka 80 kukatia. 81 mpaka 130 vifungo. 131 mpaka 190 usiku. 191 mpaka 212 za Neema, kwa sababu naye alikuja akadai haki yake. Zote hizo hazijafika hata GB 3, wimbo wa dakika nne kwa ubora wa kawaida wa sauti, 128 kbps, ni kama MB 4 tu, na mahubiri niliyashusha zaidi mpaka 64 kwa sababu ni mtu mmoja anaongea, saa nzima haifiki MB 30, na hajasikia tofauti yoyote na mashine inavyopiga kelele pale.

Karatasi ilikuja yenyewe kwa sababu namba peke yake haikumbukwi. Nikachukua makapeni, nikawa nauliza hii tuiite nini, nikitegemea jina la wimbo. "Andika, siku gesi iliisha." Andika nini? "Siku gesi iliisha tukala mihogo kwa jirani, ulikuwa unapigwa kwao." Nimeandika, iko namba 22. Namba 88 ni mchungaji aliyeeleza habari ya mbuzi akasahau alikuwa anaelekea wapi. Mimi ningeandika jina la mhubiri na kichwa cha somo na asingeipata mpaka kesho. Flashi zenyewe amezifunga uzi kwenye kile kitundu, nyekundu ya TV, kijani ya sabufa, hilo ni wazo lake, mimi nilikuwa nataka kuprinti lebo.

Nilisema ntarudia ya bibi. Namba 47.

Kumbe kwenye ile memori kadi iliyomeguka kulikuwa na sauti ya ilimba, imerekodiwa kwa simu kijijini kwao, babu yake anapiga na bibi yake anamjibu kwa mguno tu, wala sio wimbo. Kwa wasiojua, ilimba ni ile ya vyuma unapiga kwa vidole gumba, Wagogo wanaijua vizuri sana, huyo marehemu Hukwe Zawose aliyeizungusha dunia mpaka anafariki 2003 alikuwa wa huku huku, na ukiweka nyimbo zake kwenye kompyuta unaweza kukuta imeandika msanii asiyejulikana. Hajulikani na nani? Basi ile sauti ilikuwa kati ya vitu nilivyovihamishia kwenye flashi ya uongo, na kadi nikaifomati. Usafi.

Sikumwambia kwanza. Nikampigia shangazi yake Chamwino, nikamwanza na mbukwa, salamu ya Kigogo, yangu ya kubabaisha, akacheka mpaka akakohoa, akasema mkwe hiyo tunayo, na akaniambia anazo na za muheme, zile ngoma ambazo wanapiga wanawake wamezibana kwa mapaja. Akanitumia kwa WhatsApp. Zilikuja video zimeminywa hatari, muheme unasikika kama mtu anapiga ndoo mvua ikinyesha. WhatsApp inapunguza ili itume haraka. Nikamwomba azitume kama dokumenti, ukituma hivyo inakuja kama ilivyo, lakini kumwelekeza shangazi kwa simu sehemu ya dokumenti iko wapi ilituchukua jioni mbili na tulimtoa mjukuu wake kwenye mpira. Zikaja. Nyingine zilikuwa sauti za WhatsApp zenyewe, zile za kushika kitufe, hizo ni faili la opus na sabufa haizijui kabisa, nikazigeuza kuwa MP3 kwa VLC.

Muheme uko namba 3 mpaka 9, mshono mrefu, na ukipigwa asubuhi ule mguu kwenye pedeli unafuata ngoma mpaka majirani wanajua leo kuna mapazia. Ilimba ya babu ikaingia 47, ya kwanza kwenye za kukatia. Siku ya kwanza kuisikia alikuwa amesimama na mkasi juu ya kitenge cha mtu, akausimamisha mkasi, akasikiliza yule bibi anaguna, halafu akakata. Hakuniuliza nilivyoipata.

Pale Majengo kuna jamaa mmoja anarusha nyimbo na muvi kwenye flashi, mnawajua, kibanda, kompyuta moja, spika mbili nje. Najua kuna sheria ya hakimiliki ya 1999 na COSOTA wapo na siwatetei, mimi mwenyewe nilishamwambia Mama Neema kwaya nyingi zinapatikana kwenye YouTube zao wenyewe wakapata chochote. Ila sheria ya ndani ya nyumba tuliyokubaliana ilikuwa nyingine: kitu kipya kinaingia mwisho tu. Ukichomeka wimbo katikati namba zote zinazofuata zinasogea, karatasi yote inakuwa uongo, ilishatokea mara moja nikaongeza nyimbo mbili nzuri kwenye mshono mrefu, kesho yake yuko anakata suti ya bwana harusi anabonyeza 47 anapigiwa kwaya ya tarumbeta. Tulilala kila mtu kwa upande wake.

Juzi Jumamosi nimechukua flashi ya uzi wa kijani nitengeneze kopi ya akiba, si mnajua nimeshajifunza. Nikaona imefika 275. Sijaweka mimi. Kuna folda mpya inaitwa MPYA, ndani mafaili 63, majina hayaeleweki, AUD na manamba marefu, wimbo mmoja upo mara tatu, mahubiri yamechanganyika na nyimbo za harusi, kuna moja ya saa mbili na nusu ambayo nadhani ni redio imerekodiwa na matangazo yake. Nikaangalia ukutani, chini ya karatasi yangu kuna karatasi nyingine, ya kukatia patani, imeandikwa kwa chaki ya bluu, 213 mpaka 275, kwa mwandiko wake, "ya Majengo 1", "ya Majengo 2", "hii sijui lakini nzuri".

Nikavuta kiti. Nikafungua ile folda. Nikasema moyoni hizi tatu zinazojirudia tu, nifute mbili, hatajua. Yeye yuko kwenye cherehani, mgongo kwangu, muheme unapigwa, mashine inakwenda.

"Baba Neema," akasema bila kugeuka, "gusa uone."